Madirisha Yasiyowaka Taa

Pita usiku kwenye jengo jipya la ghorofa, uhesabu madirisha yenye taa. Yapo majengo ambayo utahesabu matatu, manne, basi. Vioo bado vina stika za kiwandani, vitasa havijavuliwa nailoni. Nyumba zote zimeshanunuliwa. Hazina watu kwa sababu aliyenunua anangoja bei ipande, auze.

Mtu akificha sukari ghalani ili iadimike, tunamwita mlanguzi na tunataka ashtakiwe. Akiishikilia ardhi kwa nia ileile, tunamwita mwekezaji. Sioni tofauti.

Uchungu wenyewe uko kwenye kiwanja. Barabara ikipita, maji yakivutwa, shule ikijengwa, bei ya kiwanja cha jirani inapaa, na mwenyewe hajang'oa hata jani. Barabara tumeilipia sote kwa kodi zetu. Faida kaichukua yeye. Anayekuja kujenga hapo analipa bei mpya, anaiingiza kwenye gharama ya nyumba, na mpangaji ndiye anayeibeba kila mwezi. Akishindwa, anahamia mbali zaidi na kuamka alfajiri kuwahi gari.

Wengine husema dawa ni kujenga tu. Kujenga ni lazima, lakini Hispania ilijenga kwa kasi kubwa miaka ya kabla ya 2008 na bei hazikushuka, maana wengi walinunua wakitegemea zitapanda zaidi. Zilipoporomoka, familia zilitolewa majumbani huku mitaa mizima ya nyumba mpya ikibaki mitupu.

Mimi nataka kodi ya thamani ya ardhi, yaani kodi inayohesabiwa kwa bei ya kiwanja chenyewe, bila jengo lililo juu yake. Mmarekani Henry George aliitetea mwaka 1879, na hoja yake bado ina nguvu: ardhi haifichiki wala haihamishiki, kwa hiyo anayeiacha wazi alipe sawa na anayeitumia. Nyumba zisizokaliwa nazo hutozeka: Vancouver, Kanada, ilianza mwaka 2017 kutoza nyumba tupu asilimia 1 ya thamani yake kwa mwaka, ikafikisha asilimia 3 mwaka 2021. Nyumba tupu zilipungua.

Simsemi mama aliyejinyima miaka akanunua kiwanja kimoja cha uzeeni kwa kuwa akiba yake ya fedha inaliwa na mfumuko wa bei. Huyo anajikinga, na asamehewe. Kodi ianzie kwenye kiwanja cha pili kisichochimbwa hata msingi, na ipande kila mwaka kinapoendelea kuota majani.