Asali ya mama ina maji, mahindi yetu je?

Kila nikitoka likizo Tabora, mama hunifungia chupa ya asali ya miombo, nyeusi, yenye harufu ya moshi. "Hii ndiyo asali, mwanangu. Hiyo ya Ulaya ni sukari tu." Wadogo zangu wanaamini kinyume, kwamba kilichopakiwa Ulaya hakina doa. Mimi ni mkemia wa chakula hapa Ujerumani, na naona mama yuko karibu zaidi na ukweli. Mwaka 2023 Tume ya Ulaya ilitangaza kuwa kati ya sampuli 320 za asali kutoka nje, 147 zilishukiwa kuchanganywa na shira. Shira ya miwa au mahindi tunaikamata, kwa sababu kaboni yake ina alama tofauti na ya maua mengi ya nyuki. Ya mchele ndiyo inayotuhangaisha. Njiti ya kiberiti na tone kwenye maji, vipimo tunavyoviamini nyumbani, havithibitishi kitu.

Ya mama niliipima. Haikuwa na shira, ila maji yalifika asilimia 22 wakati kikomo ni 20. Ilirinwa kabla nyuki hawajaziba masega, na asali ya hivyo huchacha. Nilimpigia simu, akasema atamwambia baba mdogo asiharakishe.

Lakini asali ya maji haiui. Kinachoninyima usingizi ni mahindi. Sumukuvu, yaani sumu ya ukungu unaoota kwenye nafaka yenye unyevu, iliua watu 125 Kenya mwaka 2004, na mwaka 2016 ikaua Dodoma na Manyara. Haionekani kwa macho, na kupika hakuiondoi. Hapa Ulaya karanga za kuliwa zikiwa na zaidi ya mikrogramu 4 za sumu hiyo kwa kilo haziuzwi. Kwetu mahindi mengi hutoka shambani hadi mashineni bila kupimwa na yeyote.

Hata hivyo tuna kitu ambacho mnunuzi wa huku hana: tunayaona mahindi kabla hayajawa unga. Mama huyamwaga kwenye ungo, akachambua punje mbovu moja moja. Kazi hiyo inaokoa watu kweli, maana sumu hujazana kwenye punje chache zilizoharibika. Kukoboa nako huipunguza, kwa hiyo mnaopenda dona, chambueni mara mbili. Na zile mbovu msiwape kuku.

Sisi wa nje tunachangia harusi kila mwezi. Mimi mchango wangu wa mwaka huu nataka uwe kipimo cha unyevu kwa ghala la kijiji chetu, mahindi yasiingie kabla unyevu wake haujashuka hadi asilimia 13.5. Nani ataungana nami?