Matone Mawili ya Mpole

Ami yangu ana punda aitwaye Mpole, jina alilopewa akiwa mchanga, kabla tabia yake haijajulikana. Ndiye anayewabebea wajenzi mchanga na mawe katika vichochoro vya mji wa Lamu, ambamo gari halipenyi, kwa hiyo asubuhi alipoonekana jicho lake la kushoto limevimba na kujaa tongo, riziki ya nyumba nzima ilisimama. Daktari wa mifugo aliletwa, akamtazama, akanikabidhi chupa ndogo ya dawa, akaandika maagizo kwenye kipande cha karatasi, kisha akakimbilia gatini kuiwahi boti ya Mokowe. Maagizo yenyewe yalikuwa haya: gtt. ii o.s. t.d.s.

Mtu mwenye akili zake angemfuata daktari mbio hadi gatini akamwuliza. Mimi sikuona haja, kwa sababu nilikuwa nimenunua kamusi kuukuu ya Kilatini isiyokuwa na jalada, na kwa miezi kadhaa nilikuwa nikiwachosha nayo wazee wa barazani kila walipoketi kunywa kahawa. Niliwaeleza kwamba meza na leso tuliletewa na Wareno, nao walizirithi kwa Warumi. Kwamba sabuni na kandili, ingawa tumezipokea kwa Waarabu, asili yake ni sapo na candela. Ami alinijibu kwamba Waarabu hawakuwa watu wa kuazima taa. Neno sirati, lile daraja la Siku ya Kiyama, nililinyamazia, kwa kuwa wataalamu wengi hulirudisha kwenye strata ya Kilatini, yaani njia iliyotandikwa mawe, nami sikutaka kufukuzwa barazani kabla kahawa haijafika. Hata Mpole sikumwacha: niliwaambia kwamba wanasayansi humwita Equus asinus, jina lililotolewa na Linnaeus mwaka 1758. Ami alijaribu kulitamka mara tatu, likamshinda, akasema kwamba punda wake ana jina tayari.

Basi karatasi ile niliipokea kama hati ya ushindi. Nilimwita ami nikamfafanulia herufi moja moja: gtt. ni guttae, maana yake matone, ii ni tarakimu ya Kirumi, yaani mawili, t.d.s. ni ter die sumendum, itumiwe mara tatu kwa siku. Hayo yote yalikuwa sahihi, na usahihi huo ndio ulionipotosha. Ikabaki o.s., nikaifungua kamusi, nikakuta kwamba os ni mdomo. Palikuwa na os nyingine yenye maana ya mfupa, lakini niliikataa papo hapo, kwani hata mimi nilijua kwamba mfupa hautiwi matone. Tena nilikumbuka kwamba madaktari huandika per os wanapotaka dawa imezwe, nikahukumu kwamba huyu wetu ameisahau per kwa haraka ya boti.

Ami hujua kusoma herufi za Kiarabu tu, zile ambazo Mwana Kupona aliandikia utendi wake mwaka 1858, na hizi za Kilatini tunazoandikia Kiswahili siku hizi haziamini sana. Aliipindua karatasi, akaikazia macho, akasema, "Mimi naona duara na nyoka. Hili duara si jicho, mwanangu?"

Nilicheka hadi nikakaa chini. Nikamweleza kwa upole kwamba elimu haiendi kwa kutazama maumbo. Kwenye chupa pia palichorwa jicho, lakini nililipuuza, kwa kuwa picha huwekewa wasiojua kusoma.

Matone mawili ya kwanza Mpole aliyapokea kwa mshangao, akainua mdomo wa juu akawaonyesha majirani meno yake yote. Ya pili aliyatema kwenye kanzu yangu. Siku ya pili asubuhi aliiona chupa kutoka mbali, akatia masikio nyuma, na nilipomshika taya alinibana kidole kwa uangalifu wa fundi anayepima mbao. Adhuhuri nilimvizia akiwa na shogi mgongoni, imejaa mchanga. Hapo hakungoja tone kudondoka. Aliondoka mbio nami nikiwa nimejifunga kamba yake kiganjani, tukapita kichochoroni watu wakijibandika ukutani huku na huku, mchanga ukimwagika nyuma yetu, hadi tukatokea uwanjani mbele ya ngome. Hapo yeye akasimama, mimi nikaendelea peke yangu mpaka miguuni mwa wale wale wazee wa kahawa.

Daktari alirudi siku ya nne, akalikuta jicho jekundu kama mdomo wa mla tambuu, akaniuliza kama kweli nilitumia dawa. Nilimwapia kwamba sikukosa hata mara moja, matone mawili, mara tatu kila siku, mdomoni.

Alinyamaza kidogo. Kisha akanieleza, kwa sauti ambayo nilitamani iwe ndogo zaidi, kwamba o.s. ni oculus sinister, jicho la kushoto. Kwamba la kulia huandikwa o.d., oculus dexter. Na kwamba herufi hizo hizo o.d. huweza pia kumaanisha mara moja kwa siku, jambo ambalo limewahi kuwachanganya hata wauguzi. Nilishukuru kimoyomoyo kwamba Mpole hakuugua jicho la kulia. Dawa ikatiwa mahali pake, na baada ya siku chache alirudi kazini.

Jioni moja nilikwenda barazani, nikaketi pembeni bila kamusi. Mpole alikuwa akija na mzigo wa mawe, na miguu yangu ilikuwa imenyooka njiani. Ami akaweka kikombe chini, akanitazama, akalitamka bila kukosa hata herufi:

"Asinus, kunja miguu, mwenzako apite."