Kabla Hujamtoa Mtoto Shule ili Awe Grandmasta

Desemba 2024, mjini Singapore, Gukesh Dommaraju wa India alimshinda Ding Liren wa China na kuwa bingwa wa dunia wa sataranji akiwa na miaka 18. Kwa mzazi wa Dar es Salaam ambaye mwanawe hashiki simu ila kwa ajili ya sataranji, kuna jambo moja katika habari ile linalokaa kichwani: Gukesh aliacha kuhudhuria shule kwa utaratibu wa kawaida baada ya darasa la nne. Baba yake, daktari wa upasuaji, alisitisha kazi ili azunguke naye kwenye mashindano. Je, huku kwetu nako hiyo ndiyo njia?

Wanaosema ndiyo wana hoja nzito, na ya kwanza ni umri. Bobby Fischer alipopata ugrandmasta, cheo cha juu kabisa cha wachezaji wa sataranji, mwaka 1958 akiwa na miaka 15, dunia ilishangaa. Judit Polgár wa Hungaria akaivunja rekodi hiyo mwaka 1991. Magnus Carlsen aliupata mwaka 2004 akiwa na miaka 13, na Abhimanyu Mishra wa Marekani mwaka 2021 akiwa na 12. Ukimsubiri mtoto amalize kidato cha sita, hao wa rika lake wameshakwenda mbali sana.

Hoja ya pili ni India yenyewe. Hadi Viswanathan Anand alipopata cheo hicho mwaka 1988, nchi nzima haikuwa na grandmasta hata mmoja. Leo inao zaidi ya 80. Vifaa navyo si kizuizi kama zamani, maana programu ya Lichess ni ya bure na inahitaji bando tu.

Na vipaji tunavyo. Pita kijiwe chochote cha drafti Magomeni au Kariakoo jioni. Ubao umechorwa kwa kalamu, kete ni visoda, upande mmoja vimelala kifudifudi na mwingine chali. Fundi anatoa kete mbili bure, watazamaji wanamzomea, halafu analamba tatu kwa mkupuo na kuingia kingi. Mtu huyo alishaiona hatua ile mapema, kabla ya wote waliomzunguka. Sioni sababu akili hiyohiyo, ikifundishwa tangu utotoni, ishindwe kwenye sataranji.

Hata hivyo, nikipima, upande wa pili unanielemea zaidi.

Grandmasta ni cheo cha maisha kisicho na mshahara. Waliowahi kukipata ni takriban 2,000 duniani, na wanaoishi vizuri kwa zawadi za mashindano peke yake ni wachache wa kileleni. Mfuko wa zawadi wa dola milioni 2.5 wa ubingwa ule wa Singapore uligawanywa kwa watu wawili. Wengi wa waliobaki wanafundisha, wanalipwa na klabu za ligi za Ulaya, au wanarusha michezo yao mtandaoni. Ni kazi za heshima, lakini hazifanani na ndoto aliyouziwa mtoto.

Kisha kuna afya ya akili, ambayo hatuizungumzi vya kutosha. Ding Liren, baada ya kutwaa ubingwa mwaka 2023, alisema waziwazi kwamba alisumbuliwa na sonona. Fischer aliutwaa mwaka 1972, kisha akakaa miaka 20 bila kucheza mechi ya hadharani. Mtoto asiye na kitu kingine maishani, akifungwa anakuwa amepoteza kila kitu.

Kwetu Afrika mfano ninaoupenda ni wa Amon Simutowe wa Zambia, aliyepewa cheo hicho mwaka 2009. Sataranji ilimfungulia mlango wa chuo kikuu huko Texas, baadaye akasoma Oxford na kuingia kwenye masuala ya fedha. Kenneth Rogoff naye, grandmasta tangu mwaka 1978, aliuchagua uchumi na akawa mchumi mkuu wa Shirika la Fedha la Kimataifa. Wote wawili walikuwa na shule ya kuegemea.

Lakini linaloumiza zaidi ni gharama. Kupata cheo kunahitaji pointi 2500 za ubora, yaani kipimo cha nguvu ya mchezaji, na nomu tatu, yaani mara tatu aoneshe kiwango cha 2600 kwenye mashindano. Kwa kawaida kila nomu ni michezo tisa, na angalau wapinzani watatu wawe grandmasta. Wapinzani wakiwa na wastani wa ubora wa 2380, ambao ndio wa chini kabisa unaoruhusiwa, unahitaji pointi saba za matokeo kati ya tisa. Tanzania haina grandmasta, kwa hiyo kila jaribio ni tiketi ya ndege, viza, hoteli na mtu mzima wa kumsindikiza mtoto. Mbwana Samatta alitoka Mbagala akafika Aston Villa kwa sababu kila hatua kulikuwa na klabu iliyomhitaji na kumlipa. Katika sataranji klabu hiyo ni mzazi. Kwa akina Gukesh, baba aliposimama, mama, naye mtaalamu wa afya, aliibeba familia kwa mshahara wake. Ni nyumba ngapi Temeke zinazoweza hilo?

Ndiyo maana naona tunamwelekezea mzigo mtu asiyestahili. Wadhamini na wasimamizi wa mchezo waandae hapahapa Dar mashindano ya watu kumi yanayokidhi masharti ya nomu, wawaite grandmasta watatu, na nafasi nyingine waje wenye cheo cha bingwa wa kimataifa, kilicho chini ya grandmasta, kutoka Uganda, Zambia na Misri. Nauli ya wageni wachache ni nafuu kuliko kuwasafirisha vijana wetu mmoja mmoja kila mwaka.

Kuna watakaosema nomu hizo zitachukuliwa na wageni, kwa kuwa hatuna bado mchezaji wa kufikisha pointi saba. Miaka ya mwanzo itakuwa hivyo, nakubali. Lakini kijana wetu atakaa saa tano mbele ya grandmasta bila kupanda ndege, na pointi zake za ubora zitapanda. Kenny Solomon wa Afrika Kusini alikipata cheo kwa kushinda ubingwa wa Afrika mwaka 2014, na huko wanafika walioivishwa kwa mechi za namna hiyo. Kwa sasa, mzazi aliye na mtoto wa aina hii amwombee mwalimu mkuu ruhusa ya wiki mbili wakati wa mashindano, na daftari la hesabu lisafiri naye.