Kabla ya Veronika Kulikuwa na Berenike

Binti wa mdogo wangu alipozaliwa mwaka jana, hakuna mtu katika ukoo aliyekuwa na shaka juu ya jina atakalopewa. Mama yetu anaitwa Veronika, na kwa desturi ya kwetu mjukuu wa kwanza wa kike huchukua jina la bibi mzaa baba. Shida ni kwamba katika familia tayari tulikuwa na akina Veronika watano, bila kuhesabu wa jirani, na shemeji yangu akaomba kwa adabu apewe jina ambalo halitamlazimu mwanawe kugeuka kila mtu mwingine anapoitwa. Mimi, ambaye hutafutwa kila panapohitajika mtu wa kufungua kamusi, nikapendekeza Berenike. Maneno yaliyofuata pale sebuleni, mengine ya kunishangaa na mengine ya kunilaumu, ndiyo yaliyonisukuma kuandika makala haya, kwa sababu naamini kwamba sikuwa nimeleta jina geni hata kidogo. Nilikuwa nimelirudisha jina la mama mahali lilipoanzia.

Nianze na maana. Berenike ni jina la Kigiriki lenye sehemu mbili: kitenzi chenye maana ya kubeba au kuleta, na neno nike, yaani ushindi, ambalo vijana wetu wanalivaa miguuni bila kujua kwamba ni Kigiriki. Katika lafudhi ya Athens jina hilo lilikuwa Pherenike, lakini watu wa Makedonia walikuwa na mazoea ya kutamka b pale ambapo wenzao walitamka ph, kiasi kwamba Plutarch, mwandishi wa Kigiriki wa kale, aliandika kuwa hata Philippos kwao alikuwa Bilippos. Ni jambo tunalolijua vizuri, kwa maana msemaji wa Kimvita husema ndia pale ambapo wa Kiunguja husema njia, na hakuna anayedhani kuwa wanakwenda kwa barabara mbili tofauti. Maana yake kwa Kiswahili, basi, ni mleta ushindi, na orodha nyingi za majina zinazosambazwa kwa wazazi huishia hapo hapo. Mimi naona kwamba hapo ndipo kazi inapoanza, kwa sababu maana ya kamusi ni sehemu ndogo ya urithi wa jina, na sehemu kubwa imo katika maisha ya wanawake waliolibeba.

Mmoja wao ni yule ambaye Pausanias, msafiri na mwandishi wa Kigiriki wa kale, anamtaja kwa jina la Kallipateira, akiongeza kwamba wengine humwita Pherenike. Alikuwa binti wa Diagoras wa Rhodes, bondia aliyeshinda huko Olympia mwaka 464 kabla ya Kristo, na kaka zake nao walikuwa washindi wa michezo hiyo. Sheria ya Olympia ilimkataza mwanamke aliyeolewa kukanyaga uwanjani wakati wa michezo, na adhabu iliyowekwa ilikuwa kutupwa kutoka juu ya mlima Typaion. Mjane huyu alivaa mavazi ya mkufunzi, akampeleka mwanawe Peisirodos kwenye mashindano ya ndondi, na kijana aliposhinda, mama akaruka ua walimotengwa wakufunzi ili akamkumbatie, na katika kuruka huko nguo ikamsaliti. Waamuzi walimwachilia kwa heshima ya baba yake, kaka zake na mwanawe, kisha wakatunga sheria kwamba tangu siku ile wakufunzi nao waingie uwanjani uchi. Sijui jina lingeweza kupata msingi mzuri zaidi ya huo. (Wakati huo huo, ili nisije nikaonekana nalipamba kupita kiasi, niseme kwamba umbo la kiume la jina hilo, Pherenikos, lilikuwa pia jina la farasi wa mbio wa mtawala Hieron, farasi ambaye mshairi Pindar alimsifu katika utenzi wake.)

Baada ya Alexander Mkuu, Wamakedonia walipoishika Misri, jina likaingia ikulu pamoja nao. Berenike wa kwanza alikuwa mke wa mfalme Ptolemaios wa kwanza, lakini ninayemkumbuka zaidi ni Berenike wa pili, binti wa mfalme wa Kurene katika nchi inayoitwa Libya leo. Mama yake alimwoza kwa mwanamfalme mmoja wa Makedonia aitwaye Demetrios, ambaye baada ya kufika akajikuta anapendana na mama mkwe wake, na mwandishi Justin anasimulia kwamba wauaji walipoingia chumbani kumuua Demetrios, Berenike alisimama mlangoni akiwaagiza wasimguse mama yake. Kisha akaolewa na Ptolemaios wa tatu, na mwaka 246 kabla ya Kristo, harusi ikiwa bado mbichi, mume akaondoka kwenda vitani Shamu kumwokoa dada yake aliyekuwa ameolewa huko na ambaye ufalme wake ulikuwa hatarini. Dada huyo naye aliitwa Berenike, na kaka yake alipofika alikuta ameshauawa pamoja na mtoto wake.

Ilikuwa kwa ajili ya vita hivyo kwamba Berenike wa pili aliweka nadhiri: mume akirudi salama, atakata shungi la nywele zake na kuliweka hekaluni. Mume alirudi, nywele zikakatwa, na baadaye kidogo zikatoweka hekaluni. Konon, mnajimu wa ikulu ya Aleksandria, akatangaza kwamba amezigundua angani, na mshairi Kallimachos akaandika utenzi ambamo shungi lenyewe ndilo linalozungumza na kulalamika kwamba lilitenganishwa na kichwa cha malkia bila kupenda. Mtu anaweza kusema kwamba Konon alikuwa mjanja wa kuokoa shingo za walinzi wa hekalu, na mimi sitabishana naye, lakini Nywele za Berenike bado zipo hadi leo katika orodha rasmi ya makundi 88 ya nyota, na kati ya hayo yote ndilo pekee lenye jina la mtu aliyeishi kweli. Zinaonekana hata kwetu, mwanzoni mwa usiku katika miezi ya Aprili na Mei, upande wa kaskazini, kama vumbi hafifu la nyota karibu na kundi la Simba, ikiwa mawingu ya masika yatakuruhusu. Wahenga wetu waliposema jina jema hung'aa gizani hawakuwa na habari za malkia huyu, lakini sijui methali hiyo ingepata mfano ulio wazi kuliko huo.

Nasisitiza, hata hivyo, kwamba jina si hirizi. Berenike huyu, ambaye farasi wake walishinda mbio za magari katika michezo ya Nemea na hivyo kumfanya mleta ushindi kwa maana halisi kabisa, aliuawa mwaka 221 kabla ya Kristo baada ya mwanawe mwenyewe kushika kiti cha enzi. Binti yake mdogo, Berenike pia, alikufa akiwa mtoto, na makuhani waliokutana Kanopo, huko Misri, mwaka 238 kabla ya Kristo wakaandika juu ya jiwe jinsi atakavyokumbukwa kama mungu mke. Jiwe hilo hilo liliagiza pia kwamba kila baada ya miaka minne iongezwe siku moja katika kalenda, na ingawa agizo hilo halikudumu wakati ule, wazo lenyewe tunalo hadi leo katika tarehe 29 Februari. Wazazi wanaochagua jina wakitarajia kwamba maana yake itamlinda mtoto wangefaa kuusoma ukoo huu kwa utulivu.

Lipo jambo jingine linalonifanya nilione jina hili kuwa karibu nasi kuliko linavyodhaniwa. Ptolemaios wa pili aliipa jina la mama yake bandari aliyoianzisha katika pwani ya Misri ya Bahari ya Shamu, mahali ambapo ndovu wa vita waliokamatwa kusini zaidi ya hapo, katika Afrika yetu, walishushwa kutoka melini. Wanaakiolojia wanaochimba huko tangu 1994 wamefukua mtungi wa Kihindi wenye zaidi ya kilo 7 za pilipili manga, na baadaye hata sanamu ya Buddha. Katika mwongozo wa mabaharia ulioandikwa kwa Kigiriki katika karne ya 1 baada ya Kristo, Berenike ni mojawapo ya bandari ambako safari zinaanzia, na moja ya safari hizo inashuka pwani ya Azania, yaani pwani yetu, hadi soko la mwisho liitwalo Rhapta, ambako wafanyabiashara walipata pembe za ndovu, pembe za kifaru na magamba ya kasa. Mwandishi anaeleza kwamba Rhapta ilipewa jina hilo kwa sababu ya mashua zake zilizoshonwa, na kila aliyewahi kuona picha ya mtepe anaelewa mara moja alichokiona baharia yule. Jina la Berenike, kwa hiyo, lilikuwa vinywani mwa watu waliofanya biashara na mababu wa pwani hii kabla ya jina Veronika kuwapo.

Veronika lilikujaje? Kwanza Biblia yetu ya Kiswahili inamtaja Bernike, dada wa mfalme Agripa, aliyeketi Kaisaria kumsikiliza Paulo akijitetea, na ambaye baadaye alipendwa na Tito kabla hajawa Kaisari. Huyo nampita haraka. Muhimu zaidi ni yule mwanamke aliyetokwa na damu kwa miaka 12. Injili hazimpi jina, lakini maandishi ya Kikristo ya baadaye, nje ya Biblia, yalimwita Berenike kwa Kigiriki, na Walatini wakaligeuza kuwa Veronica. Karne nyingi baadaye jina hilo likahamia kwa mwanamke wa Njia ya Msalaba ambaye katika kituo cha sita anapangusa uso wa Yesu kwa kitambaa, na uso ukabaki umechorwa pale. Ndipo wasomi wa Ulaya wakagundua kwamba silabi za Veronica zinafanana na vera icon, sura ya kweli, wakachanganya neno la Kilatini na la Kigiriki na kutangaza kwamba hiyo ndiyo maana. Tafsiri hiyo ni tamu, na ndiyo mama aliyofundishwa katika katekisimu, lakini kwa upande wa lugha si kweli.

Hapa lazima nikiri kwamba pale sebuleni nilikuwa mkali kupita kiasi. Mama aliponiuliza kama ninataka kumnyang'anya maana ya jina lake akiwa na miaka zaidi ya sabini, nilitambua kwamba sura ya kweli, hata ikiwa imezaliwa na kosa, imekwisha kuwa sehemu ya urithi wa jina, kwa sababu wanawake wengi wameiishi. Nisichokikubali ni kwamba maana hiyo ya pili iifute ile ya kwanza.

Pingamizi zito zaidi lilitoka kwa mjomba, aliyesema kwamba Berenike ni jina la kipagani. Nilimjibu kwamba Kanisa la zamani linamheshimu shahidi Bernike wa Antiokia, aliyekufa pamoja na mama yake Domnina na dada yake Prosdoke, na kwamba Yohane Krisostomo mwenyewe alihubiri juu yao. Nikamwongezea kwamba katika parokia yetu kuna akina Isidori, ambalo maana yake ni zawadi ya Isis, mungu wa kike wa Misri, na akina Dionisi, linalotokana na Dionysos, mungu wa mvinyo, na hajawahi kuwakatalia komunyo. Mjomba alicheka, ingawa hakusema kwamba amekubali.

Huko Ugiriki kwenyewe jina hili, ambalo leo hutamkwa Vereniki, ni nadra ukililinganisha na Maria, Eleni na Katerina. Sababu mojawapo haitakushangaza: Wagiriki nao huwapa wajukuu majina ya mababu na mabibi, na desturi hiyo, kama ilivyo kwetu, hulifanya jina lililoenea lizidi kuenea na lililopungua lizidi kupungua. Ajabu ni kwamba huenda jina hilo linaishi zaidi katika karakana kuliko katika vyeti vya kuzaliwa, kwa kuwa wanaisimu wengi hukisia kwamba neno ambalo kwetu ni vanishi lilitoka katika mji wa Berenike wa Libya, yaani Benghazi ya leo, kupitia utomvu uliobeba jina la mji huo. Na katika karne ya 19 sandarusi ya bara letu, ambayo nayo ni utomvu wa miti, ilipakiwa Zanzibar na kupelekwa hadi Salem, Marekani, ili itengenezewe vanishi hiyo hiyo.

Mwisho mtoto aliandikishwa Berenike. Nilisisitiza liandikwe hivyo na si Berenice wala Bernice, kwa sababu kila silabi yake inaishia na irabu kama neno letu lolote, na mkazo wake katika Kigiriki unaangukia silabi ya pili kutoka mwisho, pale pale ambapo Kiswahili kingeuweka bila kuulizwa. Mama alilisoma kwenye cheti mara moja tu, bila miwani, akalitamka sawasawa kabisa. Nilipomwambia kwa furaha kwamba Wagiriki hutia mkazo pale pale alipoutia yeye, alinitazama kwa mshangao akaniuliza, "Kwani wao wangelitamkaje?"