Mkaguzi Mkuu Nyumbani Kwangu

Kamwene jamani. Mimi ni mkulima wa viazi huku milimani Kilolo, Iringa, ambako Juni mtu anaamka asubuhi, miguu anaiona lakini haisikii. Baridi nimeizoea. Panya wa ghalani nimewazoea, tunasalimiana. Niliyeshindwa kumzoea ni binti yangu wa darasa la tano.

Kosa ni langu, nalisema mwenyewe kabla mama watoto hajanisaidia kulisema. Januari tulikuwa na kikao cha wazazi shuleni. Ada ilifutwa, tunashukuru, ila njaa ya mtoto haikufutwa. Kwa hiyo tunakubaliana: kila mzazi debe 1 la mahindi, maharage kilo 5, mtoto aje na kuni, makande yapikwe. Hapo sina neno. Tatizo ni kwamba siku ile nilikuwa nimepita mahali kabla ya kikao, na mtu akishapita mahali hakosi hoja. Nikanyoosha mkono.

"Mwalimu, hawa watoto kila siku mnawapa maembe ya Juma na maembe ya Asha. Huku kwetu mwembe uko wapi? Wafundisheni hesabu za maisha yao!"

Makofi! Nikakaa kwa pozi, kama mbunge.

Basi mwalimu wa hesabu akanisikia. Miaka yote tunaongea hawatusikii, siku hiyo akasikia.

Mei tumechimba viazi, dalali kaja na Fuso. Sasa nyinyi wa mjini mkila chipsi hamjui kilichotupata. Gunia la kawaida ni debe 6, kama kilo 100, na sheria ya vipimo inasema mwisho hapo. Lakini sheria nayo inapita barabara hizi hizi zetu, haijafika. Kwa hiyo tunafunga lumbesa: gunia linajaa, linashonewa kichwa, kichwa kinashonewa kofia, mpaka linasimama kama mtu aliyebeba mtu. Bei inabaki ya gunia 1. Baba yangu aliuza hivyo, mimi nauza hivyo, tunalaumu serikali, maisha yanaendelea.

Binti kakaa juu ya jembe na daftari. Kila debe likimiminwa anachora kijistari.

"Baba, hili debe 9."

"Nenda kawaletee wapakiaji maji."

Akaleta maji. Akarudi kwenye daftari. Gunia 10 zilipopanda garini akasoma kwa sauti ile ya kusomea mbele ya darasa: "Debe 90 zimepakiwa. Debe 60 zimelipwa. Debe 30 ni gunia 5. Baba, umempa gunia 5 bure."

Kimya. Hata injini ya Fuso nadhani ilipunguza sauti. Dalali akaniangalia, "Mzee, huyu mtoto wa nani?"

Nikamwambia wa jirani.

Mama watoto alikuwa nyuma ya tuta anaokota viazi vidogo vya mbegu, kasikia yote, pamoja na hilo la jirani. Jioni nilikula ugali na mboga iliyopikwa kwa hasira. Mboga ya hivyo huwa haina chumvi.

Ningenyamaza ingeisha. Nikajitetea kwamba hasara ni sehemu ya biashara, mwanaume lazima awe na moyo. Binti akafungua ukurasa mwingine. Kumbe kuna ukurasa mwingine, wa ulanzi, ile pombe yetu ya mwanzi!

"Baba anakunywa ulanzi lita 3 kwa siku. Lita 1 ni shilingi 500. Kwa mwezi wa siku 30, shilingi 45,000. Sweta la shule ni shilingi 15,000. Je, baba anakunywa masweta mangapi?"

Jamani. Masweta! Na kweli mtoto alikuwa amekaa pale na sweta lenye viwiko viwili nje, kimoja kinanitazama. Nikamwambia hesabu yako ina kosa, ulanzi unagemwa masika tu, kiangazi mwanzi hautoi kitu. Na siku nyingine nakunywa mtogwa, ule mtamu, hata watoto wanakunywa, huo usiuhesabu. Akashukuru kwa masahihisho, akatoa kiangazi, akapiga upya kwa miezi 6. Ikaja 270,000. Mkangafu, ule ulanzi mkali, wote niliokuwa nao kichwani ukakata.

Sweta nimenunua. Mawili, moja la akiba, maana nilitaka ukurasa ule ufungwe.

Agosti tukaitwa tena kikaoni. Safari hii nilikwenda mkavu, nikakaa nyuma, mikono mfukoni. Mwenyekiti wa kamati akasimama kusoma mapato na matumizi ya chakula. Kasoma mahindi yaliyoingia: debe 96. Kasoma yaliyopikwa. Kasoma yaliyobaki. Nikasikia mchakachaka dirishani, kugeuka hivi, darasa la tano zima limejipanga nje kwenye vioo, kila mmoja na daftari na penseli, binti yangu mbele yao.

Mwenyekiti akawaona. Akakohoa. Akakunja karatasi mara nne, akasema tuahirishe kikao maana mvua inakuja.

Nje vumbi tupu, na jua limewaka mpaka milima ya Udzungwa inaonekana yote.

Mimi ndiye niliyeanza kukimbilia nyumbani kuanua nguo.