Noble Johnson na sauti iliyomnyamazisha

Noble Johnson, mwigizaji mweusi wa Hollywood aliyeanza enzi za filamu za kimya, anashtakiwa kwa makosa mawili, na wanaomshtaki ni watu wenye nia njema. La kwanza ni kwamba mwaka 1918 aliiacha Lincoln Motion Picture Company, kampuni ya filamu ya Wamarekani weusi aliyoianzisha pamoja na mdogo wake George miaka miwili tu kabla, akabaki kula mshahara wa studio za wazungu. La pili ni kwamba kwa miaka zaidi ya thelathini iliyofuata alikubali kuwa mtumwa, mla watu, chifu wa visiwa visivyokuwepo na mlinzi wa kila mwovu aliyehitaji mlinzi, alimradi kamera inazunguka. Shtaka la kwanza lina uzito kuliko watetezi wake wanavyopenda kukiri. La pili ndilo linalonisumbua, maana linamtwika mwigizaji mzigo wa uamuzi ambao kwa sehemu kubwa ulipitishwa na maikrofoni, yaani ujio wa filamu za sauti.

Tuanze na hoja ya wanaomlaumu, kwa kuwa si hoja ya kubezwa. Filamu ya kwanza ya Lincoln, The Realization of a Negro's Ambition ya mwaka 1916, ilimweka Johnson katika nafasi ya kijana msomi aliyehitimu uhandisi Tuskegee, chuo cha weusi, anayekwenda California kutafuta kazi katika visima vya mafuta na hatimaye anagundua mafuta katika ardhi ya kwao. Mwaka mmoja tu ulikuwa umepita tangu filamu ya The Birth of a Nation imwonyeshe mtu mweusi kama mnyama anayepaswa kuwindwa. Watazamaji weusi waliomwona Johnson akiwa mhandisi, mwenye suti na heshima zake, walikuwa wameona kitu ambacho hakuna studio kubwa iliyokuwa tayari kuwapa. Miaka sita baadaye mtu yuleyule alikuwa Ijumaa, mtumishi wa Robinson Crusoe, na mwaka 1924 akawa chifu wa wala watu katika The Navigator ya Buster Keaton. Mteremko huo unauma, na anayesema kwamba ulianza kabla ya filamu za sauti anasema kweli.

Hata hivyo, orodha ya filamu zake za kimya ina upande mwingine ambao walaumu huupita haraka. Johnson alizaliwa Missouri mwaka 1881, akakulia Colorado Springs akiwa mwana wa mfunza farasi, na kazi ya filamu ilimjia kwa bahati mwaka 1914, pale kampuni ya Lubin ilipokuwa ikirekodi huko Colorado, mwigizaji mmoja akaumia, na mtu wa kumudu farasi akahitajika mara moja. Nafasi hiyo ya kwanza haikuwa ya mtu mweusi. Ilikuwa ya mwenyeji asilia wa Amerika. Ngozi yake ilikuwa ya maji ya kunde, mwili wake mkubwa wenye urefu wa zaidi ya futi 6, na filamu za wakati ule, ambazo hazikuhisi rangi nyekundu, zilipotosha rangi ya kila ngozi kiasi kwamba kwa vipodozi kidogo mtu mmoja aliweza kutoka taifa moja hadi jingine kati ya asubuhi na jioni. Akawa Mmeksiko, Mwarabu, Mhindi, askari wa kale, mwendesha gari la kukokotwa na punda milia.

Mtazame katika The Thief of Bagdad ya mwaka 1924. Anaigiza Mwana Mfalme wa Uhindi, mmoja wa wachumba watatu wanaomgombea binti wa khalifa. Amejaa vito, kilemba kimekaa sawasawa, anatembea kama mtu ambaye hajawahi kusubiri mlangoni. Ndiye anayeamuru mtu wake apande sanamu kubwa kulitoa jicho la kioo cha uaguzi, na mtu huyo anapoanguka na kufa, uso wa mwana mfalme haubadiliki. Ni ukatili, lakini ni ukatili wa bwana. Mshindani wake, Mwana Mfalme wa Uajemi, aliigizwa na mwanamke, Mathilde Comont, na hilo linatosha kuonyesha jinsi filamu ya kimya ilivyokuwa haijali ukweli wa mwili wa mwigizaji. Kutokujali huko kulikuwa na ubaya wake, kwa kuwa kuliwapa wazungu ruhusa ya kujipaka rangi na kuwaigiza watu wa mataifa yote. Kwa Johnson, kulikuwa pia mlango.

Kisha sauti ikaja, na hapa naomba msomaji autazame mwaka mmoja, 1932. Mwezi Februari ilitoka Murders in the Rue Morgue, ambamo Johnson ni Janos, mtumishi wa daktari mwendawazimu. Septemba ikatoka The Most Dangerous Game, ambamo ni Ivan, mtumishi Mrusi wa bwana mkubwa anayewinda binadamu. Desemba ikatoka The Mummy, ambamo ni Mnubi, mtumishi wa nyumbani anayetekwa akili na maiti iliyofufuka. Filamu tatu, watumishi watatu, waovu watatu, na mdomo karibu umefungwa katika zote. Ivan tunaelezwa waziwazi kuwa ni bubu. Mgeni aliyenusurika katika ajali ya meli anagonga mlango, unafunguka, na nyuma yake anaonekana pandikizi la mtu lenye ndevu, limepakwa rangi likaonekana mzungu. Mgeni anasema, anauliza, anajieleza, na pandikizi halijibu. Mwenye nyumba anashuka ngazi kuomba radhi na kueleza kwamba mtumishi wake hana uwezo wa kusema.

Filamu hiyo, The Most Dangerous Game, ilirekodiwa katika studio ya RKO, katika mandhari ileile ya msitu iliyotumika kwa King Kong, huku Fay Wray na Robert Armstrong wakiigiza katika zote mbili. Johnson naye alikuwemo katika zote mbili. Kwa hiyo studio hiyohiyo, na miti ileile ya kutengenezwa, ilimwona akiwa Mrusi mweupe katika filamu moja na chifu wa kisiwa katika nyingine. Chifu huyo, tofauti na Ivan, anasema sana: anasimama na manyoya kichwani, anamwona mwanamke mwenye nywele za dhahabu, anayeigizwa na Wray, anataka kumnunua kwa wanawake sita wa kwake. Lakini anasema kwa lugha ya kisiwani, na nahodha wa meli ndiye anayetutafsiria. Katika miaka mitano ya kwanza ya sauti, Hollywood ilikuwa imempatia Johnson njia mbili kuu: awe bubu, au aseme maneno ambayo mtazamaji hayaelewi.

Sababu si ngumu kuiona. Katika filamu ya kimya, maneno ya mhusika yaliandikwa kwenye skrini, na yeyote aliweza kuwa mwenye maneno hayo. Sauti ilidai kwamba kinywa na ngozi vitoke mahali pamoja. Mmarekani aliyekulia Colorado, akisema Kiingereza cha Colorado, angekuwa nani katika hadithi? Si mwana mfalme wa Uhindi tena. Na kama angesema kama mtu mweusi, Hollywood ilikuwa na lahaja moja tu aliyotakiwa kuisema, ile ya kuchekesha au ya mashamba ya pamba.

Wapo watakaosema kwamba nageuza historia miguu juu, kwa sababu filamu za sauti ndizo zilizowafungulia weusi milango. Mwaka 1929 pekee zilitoka Hearts in Dixie na Hallelujah, zote za studio kubwa na zote zenye waigizaji weusi karibu watupu, na wahakiki wa wakati ule walidai kwamba sauti ya mtu mweusi inanaswa vizuri kuliko ya wengine. Hattie McDaniel alipata Oscar mwaka 1940. Ni kweli, na ajira hizo zililisha familia nyingi. Lakini McDaniel aliipata kwa kuigiza mjakazi, na usiku wa tuzo alikalishwa kwenye meza ya kando. Milango iliyofunguka ilikuwa ya jikoni.

Pingamizi zito kuliko hilo ni Clarence Brooks, mwenzake Johnson wa Lincoln, aliyebaki kampuni hiyo hadi mwisho. Mwaka 1931 Brooks aliigiza Dakta Marchand katika Arrowsmith ya mwongozaji John Ford: daktari mweusi anayesema Kiingereza sanifu na kuzungumza na mzungu kama mwenzake wa kazi. Ilikuwa inawezekana, basi. Ninachojibu ni kwamba mfano huo hutajwa daima kwa sababu ni vigumu kuutafutia wa pili katika miaka ile, na Brooks mwenyewe hakupewa madaktari wengine na studio kubwa.

Kuhusu mwaka 1918, maelezo yaliyozoeleka ni kwamba studio ya Universal, iliyokuwa imemwajiri Johnson, ilikerwa kuona jina lake kwenye mabango ya Lincoln likivuta watazamaji weusi mbali na filamu zake, ikamtaka achague. Alichagua mshahara. Lincoln ilikuwa na kumbi chache za kuonyeshea, na George aliisimamia biashara ya usambazaji akiwa Omaha bila kuthubutu kuacha kazi yake ya posta. Filamu ya mwisho ya kampuni, By Right of Birth, ilitoka mwaka 1921, na leo kimebaki kipande kifupi tu. Johnson angeweza kubaki miaka mitatu zaidi na kuzama nayo kwa heshima. Siwezi kusema kwamba kuondoka kwake hakukuiumiza, kwa kuwa ndiye aliyekuwa sura inayojulikana. Naweza kusema tu kwamba wanaomtaka angezama hawakuwa na kodi ya nyumba ya kulipa Los Angeles.

Aliendelea hadi mwaka 1950, akiwa na filamu zaidi ya 140, na mwaka 1949 Ford, yuleyule aliyempa Brooks koti la daktari, alimpa Johnson nafasi ya mpiganaji wa wenyeji asilia wa Amerika katika She Wore a Yellow Ribbon. Alikuwa na umri wa miaka 68, juu ya farasi, akifanya kazi ileile aliyoitiwa Colorado mwaka 1914.