Sauti Ikifutwa, Kovu Lake Libaki

Wiki iliyopita nilialikwa kusikiliza rasimu ya mchezo wa redio ulioandikwa na vijana wetu wanaopenda hadithi za kisayansi. Kisa chenyewe ni hiki: kila sauti iliyowahi kutoka duniani ipo. Imenasa kwenye mawe, kwenye mbao, kwenye hewa, kwenye uhalisia wenyewe, na kuna kifaa cha kushika mkononi kinachoweza kuitafuta na kuihariri. Kijana mmoja anakwenda nacho chumbani kwa wazazi wake, anautafuta ugomvi wa usiku ule baba alipotamka talaka, anaukata. Asubuhi hakuna anayekumbuka. Talaka haikutoka. Wanakunywa chai pamoja, mchezo unaishia hapo.

Ukumbi mzima ulipiga makofi. Dada aliyekaa mbele yangu alikuwa anafuta machozi. Mimi nilitoka na hasira, na bado ninazo.

Hasira zangu si za sayansi. Najua kwamba sauti ni mtikisiko, unasambaa, unafifia, unaishia kuwa joto dogo lisilopimika, na ukuta haukumbuki ulichoambiwa jana. Lakini ndoto hii ni ya zamani na ina heshima yake. Charles Babbage, yule Mwingereza wa mashine za kukokotoa, aliandika mwaka 1837 kwamba hewa ni maktaba kubwa iliyohifadhi kila kilichowahi kusemwa. Na mwaka 2014 watafiti wa MIT, chuo kikuu cha teknolojia cha Marekani, waliupiga picha za video mfuko wa krispi za viazi nyuma ya kioo kisichopitisha sauti, picha maelfu kwa sekunde, wakayatoa maneno ya mtu kutokana na mfuko ulivyokuwa unatetemeka. Kwa hiyo waache vijana waote. Kunasa hakunisumbui hata kidogo.

Kinachoniuma ni kukata bila alama.

Nyumbani kwetu Unguja kuna kaseti aliyotutumia shangazi kutoka Maskati, enzi zile ambazo simu ilikuwa ghali na watu wakijirekodi, wakimpa msafiri kaseti aifikishe. Shangazi alikuwa ameshavivunja vile vipande vidogo vya plastiki vya juu ili isirekodiwe tena. Mtu mmoja wa nyumba ile akakunja karatasi, akaziba vitundu, akarekodi taarab ya redioni juu ya maneno yake. Ukiisikiliza leo unasikia salamu, unasikia watoto wakitajwa mmoja mmoja kwa majina, kisha, "na kuhusu ile nyumba, nataka mjue kwamba", tak, fidla. Wimbo unakwenda mpaka kati, tak nyingine, na shangazi anamalizia: "kwa hiyo msimlaumu."

Tak mbili zile ndizo zilizotufanya tumuulize. Akaeleza yote upya kwa mdomo wake, na jambo la nyumba, lililokuwa limewagombanisha watu wazima, likajulikana. Kaseti ilipoteza maneno, lakini haikuficha kwamba imepotezewa. Sasa chukua kifaa cha vijana wetu ukitumie hapo. Salamu ingeungana na "msimlaumu" bila mshono, nasi tungebaki tunajiuliza ni nani wa kutolaumiwa na kwa lipi, au tungeamini kitu ambacho shangazi hakukisema kabisa.

Hata wakubwa wanaofuta kwa makusudi wamewahi kusalitiwa na kovu hili. Kanda ya Ikulu ya Marekani ya tarehe 20 Juni 1972 ina pengo la dakika 18 na nusu ndani ya mazungumzo ya Rais Nixon na Haldeman, mkuu wa watumishi wake, siku tatu baada ya watu kukamatwa wakiwa wamevunja ofisi za chama pinzani kwenye jengo la Watergate. Maneno yale hayajarudi mpaka leo. Lakini ulibaki mvumo, na jopo la wataalamu likausikiliza, na mwaka 1974 likasema kwamba mahali pale pamefutwa kwa vipande visivyopungua vitano. Hakuna aliyeweza kusema tena kwamba hapakuwa na kitu.

Na mfano ninaoupenda kuliko yote ni wa Ufaransa. Mwaka 1860, miaka 17 kabla ya santuri ya Edison, Édouard-Léon Scott de Martinville aliimba mbele ya chombo chake, na unywele mgumu ukachora mawimbi ya sauti kwenye karatasi iliyopakwa masizi ya taa. Hakukusudia isikilizwe, alitaka ionekane kwa macho tu. Mwaka 2008 watafiti wa Marekani waliipiga picha karatasi ile, kompyuta ikaicheza, na dunia ikasikia sauti nyembamba, wengi wakasema ni ya binti. Mwaka uliofuata ikagundulika kwamba ilikuwa imechezwa kwa kasi mara mbili. Ilipopunguzwa, akatoka mwanamume anayeimba taratibu, na inaelekea ni Scott mwenyewe. Watu wenye elimu na nia njema walikosea, na waliweza kusahihisha kwa sababu moja tu: masizi hayakuguswa. Wangekuwa wamehariri alama zenyewe ili "ziwe safi", leo tungekuwa tunamlilia binti ambaye hakuwahi kuzaliwa.

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba kusafisha si dhambi. Siti binti Saad alipokwenda Bombay kurekodi mwaka 1928, mikwaruzo ya sahani ya santuri haikuwa yake, na anayeipunguza ili pumzi ya Siti isikike simlaumu, maadamu sahani yenyewe ipo. Nakubali pia kwamba kuna mtu anayelala kwenye nyumba yenye mayowe, na mtu huyo akinyoosha mkono kuomba kifaa, mimi sina ubavu wa kumnyima.

Lakini yule kijana wa mchezoni hakuwa anafuta mayowe yake. Alikuwa anafuta kilichosikiwa na mama. Mama aliisikia talaka, amekaa nayo, ameamka nayo. Pengine iliuvunja moyo wake, pengine ilimfungua. Hakuna aliyemuuliza. Neno likishatoka kinywani linakuwa la wote waliolisikia, na huwezi kulichukua kutoka kwa msemaji peke yake, lazima uingie kichwani mwa kila aliyekuwepo. Tena mwandishi amemfanya mama anywe chai, atabasamu, ashukuru kwa jambo asilolijua. Hapo ndipo nilipotaka kusimama na kupiga kelele.

Sitaki hata kuanza kujadili kifaa kama hicho kingekaa mfukoni mwa nani.

Vijana, msikitupe kifaa, ni kizuri. Kipeni tak. Mama asikie, katikati ya chai, mahali ambapo kitu kilikuwepo na hakipo, na mpeni haki ya kuuliza. Na wewe unayesafisha kanda za wazee wako kwa programu ya simu, iache ile ya kwanza kama ilivyo, na kwenye hiyo mpya andika ulichokitoa, wapi na lini, na jina lako.